Kanali asiyekuwa kanali: je, barua yake kuhusu Kongo iaminiwe?

SWALI: "Mwalimu, salamu nyingi. Mimi ni Mkongomani, mzaliwa wa Kisangani, sasa naishi Columbus, Ohio, pamoja na familia. Mwezi uliopita shule ya binti yangu, aliye darasa la nane, iliwapeleka watoto kutembelea jengo la bunge la jimbo. Akarudi na habari za chumba kilichopewa jina la George Washington Williams, mtu mweusi wa kwanza kuchaguliwa mbunge hapa Ohio, na amemchagua kwa kazi yake ya somo la historia. Tulipokaa kusoma pamoja nikashtuka: huyu mtu alifika kwetu Kisangani mwaka 1890 na kumwandikia Mfalme Leopold wa Ubelgiji barua ya kumshitaki! Nimesoma Kisangani hadi sekondari, jina lake sijawahi kulisikia. Furaha haikudumu. Nikasoma kwamba alijiita kanali na hakuwa kanali, alimtelekeza mke wake akachumbia mwingine, aliacha madeni, na tena safari yake ilisaidiwa na tajiri wa reli mwenye maslahi yake Kongo. Sisi tunasema njia ya mwongo ni fupi. Kama alidanganya kuhusu cheo, nitajuaje hakudanganya kuhusu sisi? Binti yangu tayari ameandika kwamba Williams ndiye aliyefichua habari za watu kukatwa mikono kwa ajili ya utomvu wa mpira. Nimwache aendelee, au atafute mtu mwingine? Anawasilisha baada ya wiki mbili."

JIBU: Aendelee naye. Ila ile sentensi ya mikono aifute leo kabla hajalala. Naanza nayo kwa sababu ndiyo itakayomwumbua mbele ya mwalimu wake.

Williams alifika Stanley Falls, ndiko Kisangani kwenu, katikati ya mwaka 1890. Barua yake kwa Leopold aliitia tarehe 18 Julai mwaka huo, akiwa palepale kwenye maporomoko. Siku hizo mali iliyotafutwa kwa udi na uvumba ilikuwa pembe za ndovu. Mpira ulikuwapo, lakini haukuwa umegeuka balaa. Tairi za baiskeli, na baadaye za magari, ndizo zilizopandisha bei yake katika miaka ya 1890, na hapo ndipo dola ya Leopold, maana Kongo ilikuwa mali yake binafsi na si koloni la Ubelgiji, ilipoanza kuvipangia vijiji kiasi cha mpira cha kuleta na kuwaadhibu walioshindwa. Picha za watu waliokatwa mikono, zile ambazo wengi wetu tumeziona, zilipigwa na wamisionari mwanzoni mwa karne ya 20, Williams akiwa kaburini zaidi ya miaka 10. Nakuomba ulishike hili, maana nimeliona mara nyingi: mtu anampenda shahidi wake kiasi cha kumbebesha hata ambayo hakuyaona, kisha anakuja mpinzani, anaonyesha hilo moja, na ushahidi wote unatupwa.

Sasa wasiwasi wako wenyewe. Umeuliza maswali mawili ukayafunga kamba moja. La kwanza: Williams alikuwa mtu wa namna gani? La pili: aliyoyaandika ni kweli? Methali yako siipingi, lakini inasema uongo haukawii kufichuka. Haisemi aliyedanganya jambo moja amedanganya yote. Mdaiwa sugu akija mahakamani akasema ameona gari likimgonga mtoto, hakimu hamfukuzi kwa sababu ya madeni yake. Anamwuliza alisimama wapi, palikuwa na mwanga kiasi gani, na nani mwingine aliona. Tufanye hivyo hivyo kwa Williams, na tuanze na yeye mwenyewe, kwani maisha yake ndiyo yanayoeleza jinsi barua ile ilivyoandikwa.

Alizaliwa tarehe 16 Oktoba 1849 huko Bedford, Pennsylvania. Uongo wake wa kwanza unaojulikana aliusema akiwa na miaka 14: alijiandikisha kwa jina lisilo lake ili aingie katika jeshi la Kaskazini, lililokuwa likipigana na majimbo yenye watumwa. Vita vilipoisha alivuka mpaka kwenda Mexico, akapigana upande wa waliompindua Mfalme Maximilian. Akarudi, na mwaka 1867 akajiunga na kikosi cha 10 cha wapanda farasi, kikosi cha askari weusi. Mwaka uliofuata akajeruhiwa kwa risasi kwenye pafu, na jeshi likamwachia.

Hapa msimamishe binti yako kidogo. Mwaka 1869 kijana huyu aliandika barua kuomba nafasi katika Chuo Kikuu cha Howard, Washington. Barua ipo mpaka leo, na tahajia yake inatia huruma. Ni maandishi ya mtu aliyeyasikia maneno maisha yake yote bila kuyaona yameandikwa. Miaka 5 baadaye, mwaka 1874, alihitimu chuo cha theolojia cha Newton, karibu na Boston, akiwa mtu mweusi wa kwanza kuhitimu pale, na mwaka huohuo akawa mchungaji wa kanisa la Kibaptisti mjini Boston na kuandika historia ya kanisa hilo. Mimi nimefundisha vijana miaka mingi, na sijaona mwanafunzi aliyetoka pale akafika hapa kwa muda huo.

Uchungaji haukumtosha. Mwaka 1875 alikwenda Washington akaanzisha gazeti, The Commoner, kwa kuungwa mkono na wakubwa akiwemo Frederick Douglass, mtetezi mashuhuri wa haki za watu weusi. Halikumaliza mwaka. Akahamia Cincinnati kuchunga kanisa jingine, na huko akawa anaandika katika gazeti kubwa la mji, Cincinnati Commercial, kwa jina la bandia la Aristides. Akasomea sheria katika ofisi ya Alphonso Taft, baba wa Taft aliyekuja kuwa rais. Akaanzisha tena gazeti lake, The Southwestern Review, nalo likafa haraka. Mwaka 1877 aligombea ubunge wa jimbo akashindwa. Mwaka 1879 akagombea tena kutoka wilaya ya Hamilton, akashinda. Alikuwa na miaka 30.

Ubunge wenyewe ulikuwa wa muhula mmoja, 1880 na 1881, na si kwamba aliubadilisha ulimwengu. Alijaribu kufuta sheria ya mwaka 1861 iliyokataza ndoa kati ya weupe na weusi. Akashindwa, na sheria hiyo haikufutwa Ohio mpaka 1887. Mgahawa mmoja mjini Columbus ulikataa kumhudumia, mheshimiwa mbunge mzima. Na kuna jambo moja waandishi wa mabango ya sifa hulipitia mbali: aliunga mkono mswada wa kuzuia maziko katika makaburi ya watu weusi huko Avondale, karibu na Cincinnati, na watu wake mwenyewe wakamkasirikia vibaya. Hakugombea tena. Alikuwa ameshaanza kazi nyingine iliyomla.

Kazi hiyo ilitokana na hotuba. Tarehe 4 Julai 1876, Marekani ikitimiza miaka 100, alialikwa Avondale kuzungumzia watu weusi katika karne hiyo. Alipotafuta habari za kuzungumza akaona hakuna kitabu kilichozikusanya. Akaamua akiandike yeye. Kikatoka mwishoni mwa 1882, juzuu mbili nene, historia ya watu weusi Marekani kuanzia 1619 hadi 1880. Katika dibaji anasema alipitia vitabu zaidi ya 12,000, na kama 1,000 kati yake amevitaja kwenye tanbihi. Aliyapekua magazeti, akapekua kumbukumbu za makanisa, akawahoji askari wastaafu wakati wasomi wengi waliona askari mstaafu hana la kuwaambia. Baadaye akatoa kitabu kingine kuhusu wanajeshi weusi katika vita vile vya Kaskazini na Kusini.

Hayo ndiyo aliyoyabeba kwenda Kongo: sikio la mwandishi wa habari, tanbihi za mwanahistoria, na kanuni za bunge. Nitakuonyesha hizo kanuni za bunge zilivyojitokeza.

Kwanza nimalize habari ya kanali. Umesoma sawasawa. Katika miaka yake ya mwisho alijitambulisha kama Kanali Williams, na jeshini hakuwahi kufika huko. Katika jeshi la siku zile mtu mweusi kuwa ofisa ilikuwa ajabu. Sina la kumtetea. Naweza tu kukueleza cheo kilimfanyia kazi gani. Mtu mweusi aliyetaka kumwona mfalme wa Ulaya, kupewa chumba katika meli, au kupokewa na mkuu wa kituo mtoni Kongo, alihitaji neno la kutanguliza mbele ya jina lake, na mbunge mstaafu wa Ohio hakuna aliyemjua Brussels. Alijipa cheo hicho kwa tamaa na kwa hesabu, vyote viwili. Lakini angalia: cheo kilimhusu yeye, na faida yake ilikuwa kumfungulia milango. Yaliyomo kwenye barua yalikuwa yanaifunga milango hiyohiyo. Uongo wenye faida na usemi wenye hasara haviwekwi kwenye mizani moja.

Hapo ndipo linapoingia suala la tajiri wa reli. Collis Huntington alikuwa na fedha na hamu katika mpango wa reli ya Kongo, na ni kweli alimsaidia Williams. Zaidi ya hapo, Williams mwenyewe alianza akiwa upande wa Leopold. Alimhoji mfalme Brussels mwaka 1889 kwa ajili ya magazeti ya Marekani, akavutiwa naye, akaandika kwa kumsifu. Alikuwa hata na mpango wa kuwachukua vijana weusi wa Marekani waende kufanya kazi Kongo. Akaenda chuo cha Hampton, Virginia, kuwatafuta. Wanafunzi wakamwuliza maswali: kazi gani, mshahara gani, hali ya huko ikoje? Hakuwa na majibu. Ndipo alipoamua aende akaone kwanza. Mfalme alijaribu kumzuia asiende.

Kwa hiyo hesabu ni rahisi. Kama angekuwa amenunuliwa na Leopold au na Huntington, angeandika sifa, kama alivyoziandika kabla hajaondoka. Alikuwa na mfalme aliyempokea, mfadhili mwenye fedha, na matumaini ya ajira. Barua moja ikamkosesha vyote vitatu. Mtu wa tamaa, tena mwenye madeni, afanye hivyo kwa faida gani?

Basi tuifungue barua. Ni ya wazi kwa Leopold, ina mashitaka 12 yaliyopewa namba. Kabla ya kuanza kuyahesabu anasema ameyachunguza, ameandaa orodha ya mashahidi, nyaraka na kumbukumbu rasmi, naye ataiweka kwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Uingereza mpaka itakapoundwa tume ya kimataifa yenye uwezo wa kuita watu na kudai nyaraka, kuapisha mashahidi, na kuthibitisha kama mashitaka ni ya kweli au ya uongo. Umeyasikia maneno hayo? Kuita watu, kudai nyaraka, kuapisha. Hiyo ni lugha ya kamati teule ya bunge. Wamisionari wa wakati ule waliandika kwa kusikitika, na wasafiri waliandika kwa kujisifu. Huyu ameandika kama mbunge anayeomba kamati iundwe na yeye mwenyewe aitwe mbele yake kuhojiwa. Tapeli haombi kuapishwa.

Sasa mpe binti yako kalamu tatu za rangi, azitenge habari za barua ile katika mafungu matatu: aliyoyaona, aliyoambiwa na watu waliokuwapo, na uvumi.

Aliyoyaona ndiyo mazito. Anaeleza wafungwa waliofungwa kwa minyororo ya ng'ombe ikawala shingo, vidonda vikazungukwa na nzi. Anaeleza watu wakichapwa kwa ukanda wa ngozi ya kiboko iliyokaushwa, damu ikitoka kwa kila pigo. Mswahili hahitaji maelezo zaidi hapo. Neno kiboko limebaki kinywani mwetu mpaka leo kama jina la adhabu, na watu wanalitamka bila kukumbuka lilikotoka. Anaeleza wenyeji wanaoiogopa serikali kwa sababu imechukua ardhi, imechoma vijiji, imeiba mali na kuwafanya watumwa wanawake na watoto.

Kuna shitaka jingine ambalo wasomaji wa pwani hawatalipenda, na ndiyo maana nalitaja. Anasema serikali imeweka vituo karibu 50 vya askari wawili hadi wanane, watu waliotoka Pwani ya Mashariki, Wazanzibari, bila ofisa yeyote mzungu. Walitakiwa kujilisha wenyewe na kuwalisha wazungu wa vituo vikubwa. Basi samaki, mbuzi, kuku na mboga za wanakijiji zilitolewa kwa mdomo wa bunduki. Williams anawaita askari watumwa, na kweli baadhi ya waliokuwa wakichukuliwa Unguja kwa kazi za bara walikuwa watumwa waliokodishwa na mabwana zao. Lakini mwanamke wa kando ya mto aliyenyang'anywa mbuzi hakuulizia hayo. Aliona gobori, na inaelekea amri aliyopigiwa kelele ilikuwa ya Kiswahili. Lugha yetu hii haikufika Kisangani kwa biashara na ndoa tu. Kwenye kazi ya binti yako si lazima hili liingie. Wewe na mimi tulijue.

Fungu la pili, aliyoambiwa. Anasema serikali ilikuwa ikitoa pauni 3 kwa kila mtumwa mwenye nguvu aliyefaa jeshini. Anasimulia maofisa wawili wa Kibelgiji waliokuwa kwenye sitaha ya meli, wakamwona mwenyeji mbali katika mtumbwi, wakawekeana dau la pauni 5 nani atampata. Risasi tatu. Mtu akaanguka, amepigwa kichwani, na mtumbwi ukateremka na mto ukiwa umebeba maiti. Na katika shitaka la mwisho anasema mfalme amefanya mkataba na liwali Mwarabu wa Stanley Falls: ajenge mstari wa vituo vya kijeshi mpaka Tanganyika, alipwe bunduki 500, vipipa 5,000 vya baruti na pauni 20,000. Anaongeza kwamba Leopold hana haki juu ya ardhi hiyo kuliko yeye Williams alivyo na haki ya kuwa amiri jeshi mkuu wa Ubelgiji. Hapo alicheka kidogo, nadhani, alipoandika.

Je, hilo la liwali lina mizizi? Lina. Mwaka 1887, Unguja, Henry Stanley, yule mpelelezi aliyemfanyia Leopold kazi Kongo, kwa niaba ya mfalme alikubaliana na Tippu Tip, yaani Hamed bin Muhammed el Murjebi, awe liwali wa Stanley Falls kwa mshahara wa pauni 30 kwa mwezi. Mfalme aliyeandaa mkutano wa kupinga biashara ya utumwa Brussels mwaka 1889 alikuwa ameshamwajiri mfanyabiashara mkubwa kuliko wote wa pembe na watumwa katika nchi ile. Hili halimtegemei Williams; lingejulikana hata kama asingezaliwa.

Fungu la tatu ni uvumi, na hapa uwe mkali. Anasema watumwa kati ya 800 na 1,000 huuzwa kila mwaka Kongo ili waliwe. Nani alihesabu? Hakuna. Hiyo ni namba ya kwenye baraza la wafanyabiashara, na Williams, aliyekuwa hodari wa kudai nyaraka kwa wengine, hapo aliimeza nzima. Vivyo hivyo habari za mawakala wa Stanley kuficha waya za umeme chini ya koti ili chifu akishikwa mkono ashtuke na kudhani mzungu ana nguvu za ajabu. Inasimuliwa vizuri mno, na mimi habari inayosimuliwa vizuri mno huiweka pembeni. Kilicho chini yake hata hivyo si hadithi: machifu waliwekewa mbele karatasi wasizoweza kuzisoma, wakapewa pombe kali, na vijiji vikahama mikono.

Kwa hiyo ukiniuliza naiamini barua kiasi gani, nitasema: kuhusu mfumo, naiamini, kuhusu namba zake zisizo na chanzo, siziamini, kuhusu tukio mojamoja, nangoja shahidi wa pili. Na shahidi wa pili alikuja, amechelewa tu. Roger Casement, balozi mdogo wa Uingereza, alisafiri mtoni mwaka 1903 na ripoti yake ikachapishwa 1904. Kisha tume aliyoiunda Leopold mwenyewe kwa kubanwa ilikwenda, na ripoti yake ya 1905 haikumsafisha. Mwaka 1908 ilibidi aiachie Ubelgiji ile nchi. Hao walishuhudia enzi ya mpira, mbaya kuliko ya Williams, kwa hiyo hawathibitishi kila neno lake. Wanathibitisha kwamba alisoma vizuri mambo yalikokuwa yanaelekea. Katika barua ya Septemba 1890 kwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani alitumia maneno ambayo mahakama za kimataifa zingekuja kuyazoea miongo mingi baadaye: jinai dhidi ya ubinadamu.

Wabelgiji walimjibuje? Barua ilichapwa kama kijitabu, ikafika Ulaya, na New York Herald ikaitoa Aprili 1891. Magazeti ya upande wa mfalme hayakushughulika sana na minyororo wala mtumbwi. Yalishughulika na kanali. Kanali gani huyu? Wa jeshi lipi? Maofisa wa dola ya Kongo wakaandaa ripoti ndefu ya kumpinga, na bunge la Ubelgiji likajadili. Ndugu yangu, kwa wema kabisa: swali lako wewe la leo ndilo walilolitia watu wa Leopold midomoni mwa wasomaji mwaka 1891. Si vibaya kuliuliza. Ubaya ni kuishia hapo, kama wao walivyotaka watu waishie hapo.

Mke ni habari fupi na si nzuri. Alimwoa Sarah Sterrett mwaka 1874, wakapata mtoto wa kiume, na miaka ya mwisho waliishi mbalimbali. Alikufa akiwa amechumbia Mwingereza aliyekutana naye melini. Madeni nayo yalikuwapo. Binti yako wa darasa la nane anaweza kuyataja kwa sentensi moja na kuendelea.

Jambo moja zaidi la kumrekebisha, kama ameandika kwamba Williams alipinga ukoloni. Hakufikia huko. Alitaka utawala wa Leopold uondoke, uje mwingine ulio wa haki, wa watu wa pale badala ya Ulaya, chini ya uangalizi wa mataifa. Alikuwa mtu wa karne yake, na Wakongo waliozungumza naye tunawasikia kwa kalamu yake tu.

Kuhusu kazi yenyewe, una njia tatu. Kumfanya shujaa asiye na doa ni rahisi na bango litapendeza, ila mwanafunzi mmoja mwenye simu atalibomoa kwa dakika mbili. Kumwacha kabisa ni kumpoteza shahidi kwa sababu ya kofia aliyovaa. Mimi ningemshauri achague shitaka moja tu kati ya yale 12, la vituo au la liwali, alipime: Williams alisema nini, alijuaje, nani mwingine alisema. Kurasa tatu zinamtosha.

Kuna mambo ambayo maandishi yangu hayatawasaidia. Mrudishe kwenye jengo la bunge siku tulivu, waulize waongozaji kuhusu miswada aliyoiwasilisha. Wao huulizwa mambo hayo kila siku. Maktaba ya kumbukumbu ya Ohio History Connection iko palepale Columbus, na mkutubi akikaa naye nusu saa atamfundisha kusoma magazeti ya 1880 kuliko nitakavyoweza mimi nikiwa mbali. Kiingereza cha barua ile ni kigumu. Msiisome bila mtu mzima karibu, na zile picha za enzi ya mpira asizitafute peke yake usiku. Ukiona zimemkaa vibaya, zungumza na mwalimu wake au mshauri wa shule ana kwa ana, usingoje siku ya kuwasilisha. Na kama wewe mwenyewe umeanza kujiuliza wazee wenu walikuwa upande gani mwaka ule, mwenye gobori au mwenye mbuzi, swali hilo usiniletee mimi. Mpigie simu mzee yeyote aliyebaki Kisangani, na umpigie mapema.

Umesema shuleni kwenu hukulisikia jina hili. Lingefikaje? Baada ya Kongo, Williams alizunguka mpaka Misri, huko kifua kikuu kikamlaza. Alifia Blackpool, pwani ya Uingereza, tarehe 2 Agosti 1891, ana miaka 41, barua ikiwa bado inabishaniwa. Shule za kikoloni hazikuwa na sababu ya kumfundisha mtoto wa Stanleyville, kama Kisangani ilivyoitwa enzi hizo, habari zake, na Marekani nako vitabu vyake vilibaki kwenye rafu. Kaburi lilikaa bila alama mpaka 1975, mwanahistoria John Hope Franklin, aliyemfuatilia kwa karibu miaka 40, alipoliwekea jiwe. Hakuandika kanali, wala mbunge. Aliandika mwanahistoria, Mmarekani mweusi, 1849 mpaka 1891.

Binti yako naye kwenye kichwa cha kazi yake aandike: mbunge, mwandishi wa habari na mwanahistoria. Neno kanali alitumie ndani, pale anapoeleza lilivyomgharimu.